Mwaka Ambao Mianzi Ilizaa

Lungbial, Novemba 1959

Kaka yangu mpenzi Hrangchhuana,

Pokea salamu za mama yetu, za wanangu wawili, na zangu mimi dada yako. Natumaini barua hii itakukuta mzima huko kambini, na kile kifua kilichokubana wakati wa mvua kimeachia. Sisi tu wazima, yaani tunapumua. Mama miguu imemvimba kidogo. Watoto wamekonda hata nguo zinawavuka, lakini hawaumwi. Mume wangu Laldawla hayupo, amekwenda na wanaume wenzake kubeba mchele wa msaada kutoka barabara ya magari, na hajui kwamba ninakuandikia.

Barua yako ilifika, nikamsomea mama. Unasema umepata likizo, umeazima bunduki, na mtu wa Tlangte aliyemuua mdogo wetu Zathanga atazikwa pamoja na ukoo wake. Mama alijipiga mapaja akasema, huyo ndiye mwanangu, aje leo leo! Nakusihi Kaka, kabla hujafunga mzigo, isome hii mpaka mwisho, na uisome ukiwa peke yako.

Mambo yote haya yalianza na mianzi. Unakumbuka wazee walivyokuwa wakitutisha, kwamba ikichanua watu watazika watu, nasi tukicheka. Nani angeuogopa mwanzi? Nyumba mwanzi, ndoo mwanzi, kitoweo mwanzi. Basi ilichanua milima yote kwa mpigo, ikazaa matunda makubwa kama ngumi, kisha ikafa imesimama. Akaja bwana mmoja wa mimea kutoka Kalkata, akayapima yale matunda akichekelea, akatuambia hakuna jamii ya nyasi duniani yenye tunda kubwa kama hili, na kwamba tuna bahati kuliona maana huja mara moja katika miaka karibu hamsini. Nikamwambia bahati hiyo abebe aende nayo kwao. Akadhani natania.

Panya waliyala matunda yale wakazaana hata ardhi ikawa inatembea. Matunda yalipokwisha wakashuka kwenye mpunga. Tuliwapiga kwa magongo mpaka viganja vikachubuka, tukawachoma moto, tukawakanyaga kwa visigino, na damu yao ilifanya ngazi iteleze. Walimng'ata mwanangu Sangi sikio akiwa amelala. Shamba lililokuwa la dhahabu asubuhi, jioni lilikuwa mabua matupu. Nilikaa chini nikalia kama mtoto mdogo, sikuona aibu.

Baada ya hapo tukabaki na viazi mwitu vya msitu ulio kati yetu na Tlangte. Nao njaa yao ni ileile. Tulikutana kwenye mashimo ya viazi, wakaanza matusi: nyie wa Lungbial mmekula panya mpaka mmeota mikia! Chhunkunga, unamjua mdomo wake, akawajibu kwamba mikia yetu wataiona wakikimbia. Hakuna aliyekimbia. Chhunkunga alimkata mtu wao vidole viwili kwa panga, nao wakampasua ndugu yake taya kwa jembe. Nilikuwepo. Mimi mwenyewe nilimpiga mwanamke mwenzangu kwa jiwe, na Mungu anisamehe, nilifurahi alipoanguka. Tulipoachana waliapa kwamba siku nyingine watakuja na mikuki.

Ndiyo maana Jumapili ile Zathanga alipokutwa karibu na kijito, mkuki umemwingia chini ya mbavu, hakuna aliyeuliza swali. Chhunkunga alilitazama jeraha mara moja tu akapaza sauti, Tlangte! Mama alijirusha juu ya maiti, akawaambia vijana kwamba kama ni wanaume wasilale bila kulipiza. Walikwenda siku hiyohiyo. Nyumba za mianzi unajua zinavyoshika moto, vifundo vinalipuka kama risasi. Tulivisikia kutoka huku. Walirudi wananuka moshi, mmoja na nguruwe begani, wakasema nyumba sita zimeteketea. Kulikuwa na mzee mmoja kiwete, Pu Rualkhuma, ambaye hakuweza kutoka motoni. Chhunkunga alisimulia jinsi mzee yule alivyopiga kelele, na watu wakacheka. Mama pia alicheka.

Mimi niliinuka nikaenda zangu. Wakadhani ni msiba.

Sasa Kaka, keti chini.

Ghala langu la shambani lilikuwa limevunjwa mara mbili. Kilichobaki ni mpunga wa mbegu tu, na ukila mbegu umekula mwaka ujao na watoto wako. Laldawla alipoondoka, hasira zilinipanda. Nikasema mwizi wangu atanitambua. Kwenye njia ya ghala nikakunja mti mchanga, nikaufunga kamba, nikauchongea mkuki wa mwanzi na kuukausha motoni, vilevile kama baba alivyotufundisha kutegea nguruwe pori. Na unajua alichotufundisha kabla ya hayo yote: mianzi miwili iliyopishana njiani, ili binadamu ajue apite mbali. Alisema mtego usio na alama si mtego, ni mauaji. Sikuweka alama. Nilijiambia kuweka alama ni kumwonyesha mwizi njia nyingine ya kupita. Nilitaka aingie. Sikudanganyi, nilitaka nimkute amelala pale.

Jumapili baada ya ibada nilikwenda kutazama. Mtego ulikuwa umefyatuka. Nilimwona miguu kwanza, nikacheka, Kaka, nikasema haya, leo nimekupata! Kisha nikaliona shati nililomshonea Zathanga mwenyewe.

Alikuwa bado na uhai kidogo. Mgongoni alikuwa na tenga la viazi mwitu limejaa. Hakuja kuchukua, alikuja kuweka. Baadaye nilisikia kwamba tangu njaa ianze alikuwa akiwawekea wajane hivyo hivyo, saa za ibada, asionekane wala asishukuriwe. Unamjua, ukimshukuru ananuna. Aliniambia nisipige kelele nitamtia aibu, watu watajua. Kisha akaniuliza kama viazi vimemwagika. Akakata roho palepale.

Nilimburuta hadi kijitoni na mkuki ukiwa mwilini. Nilitaka tu asikutwe kwangu. Kwamba wangesema Tlangte, naapa sikulifikiria, lakini waliposema sikukanusha. Neno moja tu lingetosha, na Pu Rualkhuma angekuwa anaota jua kwao hivi leo. Kikulacho ki nguoni mwako, na kilichomla Zathanga ni mimi niliyembeba mgongoni akiwa mchanga.

Mbegu ipo. Hata punje haikupungua.

Tenga nililibeba nyumbani. Watoto walikuwa na njaa. Niliviloweka vile viazi kutoa sumu, nikavichemsha, nao wakala wakiwa wamevaa nguo za matanga. Mama alikula pia. Aliniuliza nimevipata wapi, nikamwambia ni sadaka ya mtu. Akamwombea mtu huyo baraka, akataka kuongezwa.

Nitawaambia watu kanisani Jumapili ijayo, mbele ya Chhunkunga na mbele ya mama. Wakinifanya watakalonifanya ni haki yao. Nimetaka wewe usikie kwangu kwanza, na usikie kabla hujavuka mto kwenda Tlangte, maana huko hakuna aliyekukosea. Bunduki irudishie mwenyewe. Kama moyo utakataa, basi ipitishe nyumbani kwangu. Nimemwomba jirani awachukue watoto siku utakayofika, unikute peke yangu.

Mama anasema uje na chumvi, huku imeadimika. Wasalimie wenzako wote wa kambini, na ujifunike vizuri, baridi imeanza.

Ni mimi dada yako,
Thangzuali