Mabega ya Mama

Bwana Nassor,

Salamu ya makaburini nilikupa siku tuliyokuzika, pamoja na watu wote. Leo sikupi nyengine. Najua marehemu hasemwi ila kwa mema, basi mimi sikusemi, nnakwambia mwenyewe.

Ulipokwishafukiwa, kaka yako alisimama akaomba kila mwenye lake na wewe akusamehe. Watu wakaitikia, "Tumemsamehe." Mimi nikanyamaza. Kaka yako aliniona, na tokea siku ile hanisemeshi.

Ijumaa ijayo kuna onyesho la kukukumbuka, Ngome Kongwe. Hotuba zitakuwa tele. Watahadithia ulivyozaliwa Mkunazini ukakulia London, ukatengeneza vichekesho vya televisheni vya Waingereza na maonyesho yao makubwa ya jukwaani, kisha ukarudi kutufunza sisi. Ni kweli, ulinifunza. Ulinikuta nnabeba nyaya za kamera, ukanifanya msaidizi wako. Nilikupenda, wallahi, na hilo ndilo linaloniuma.

Unakumbuka ulivyokuwa ukijaribu kila kichekesho mbele ya watu kabla hakijarushwa? Ulikaa safu ya nyuma kabisa, mimi ubavuni pako. "Tazama mabega," ukiniambia. "Mdomo hucheka kwa adabu. Bega halidanganyi."

Sasa sikiliza. Siku moja tunakunywa chai, nikakuhadithia mama alivyopewa talaka kule Mkokotoni. Baba alimfukuza wali ukiwa jikoni. Mama akakiepua chungu, akajitwika, akakatiza nacho sokoni mvuke unafuka, analia, na mimi mdogo nimeshika kanga yake. Nilikupa siri ya nyumba yetu, wewe ukacheka mpaka ukashika mbavu. Na mimi mjinga nikacheka.

Kumbe ulikuwa unatia akilini! Haikupita miezi miwili, tukaletewa Bi Makeke. Mwanamme mzima kavaa kanga, chungu kichwani, anaigiza lafudhi ya Kitumbatu ya mama yangu. Nilikuomba ukitoe kichekesho kile. Ukanijibu, "Mlete mwenyewe aone. Akicheka, kinabaki."

Nikamleta. Hilo kosa langu, silikwepi. Alivaa baibui lake jipya, akakaa safu ya mbele, hajui kitu. Chungu kilipotokea, ukumbi mzima ukaangua kicheko. Ukanifinya mkono: "Mtazame mama yako! Mabega hayo!" Yalikuwa yanatikisika kweli.

Alikuwa analia, Bwana Nassor. Bingwa wa mabega wewe, ulimtazama mtu anayelia ukamhesabu anacheka. Nami nilikuamini, mpaka taa zilipowashwa nikenda mbele nikamwona uso. Nikarudi kukwambia. Ukasema nimezidi kudeka, mama keshacheka na ukumbi mzima shahidi. Ukakirusha.

Watoto wa Jang'ombe, mtaani kwetu, walimjua kwa lafudhi yake. Mpaka leo humwita "Bi Makeke" wakipita dirishani, wakakimbia. Sokoni kaacha kwenda. Samaki nnamnunulia mimi.

Juzi wakubwa wa onyesho wamenijia: eti Ijumaa nimrudishe Bi Makeke jukwaani, ndiye uliyempenda kuliko wote. Ebo! Mimi ndiye mtayarishaji sasa, kiti chako wamenipa mimi. Nimewakatalia. Wamenuna, na wanune. Mwenye kovu usidhani kapoa.

Nilimweleza mama. Akasema, "Mimi nshamsamehe, mwanangu. Keshakufa yule, nawe msamehe." Nikamwitikia, "Naam." Ulikuwa mdomo tu, ule wa adabu.

Basi kwaheri. Rehema ni ya Mungu, sina mamlaka nayo. Radhi ya mama unayo, yangu bado. Sijui kama utaipata, na leo sitaki kujilazimisha. Ila ahadi nnakupa: madhali nnaendesha mimi, Bi Makeke hapandi tena jukwaani. Na Ijumaa safu yako ya nyuma itabaki tupu. Mimi ntakaa mbele, nimewageukia watu, nnawatazama nyuso.

Makame