Mtu wa Kwenye Mafuriko Si Mimi

Ikutha, Kitui
Jumanne, 17 Juni 2025

Mpendwa mpwa wangu Wayua,

Salamu nyingi kutoka huku nyumbani. Baridi ya Cape Town imekushika aje? Watoto wanakula vizuri? Sisi tuko wazima. Mtama wangu mwaka huu umerefuka mpaka ndege wanapumzika katikati kabla ya kufika juu. Uliza mtu yeyote.

Nimeandika kwa karatasi kwa sababu kwa simu mdomo wangu huongeza vitu.

Ni ile video ya mafuriko ya El Nino ya 1997, uliyoipata kwa hifadhi ya filamu za zamani. Ulinitumia ukiuliza kama kuna anayemjua yule kijana anayevuta fahali kutoka mtoni huku akicheka. Nikakuambia ni mimi. Nikaongeza na mamba wawili. Ukanitumia fomu ya kukubali picha yangu itumike kwa filamu yenu, nikatia sahihi papo hapo.

Wayua, si mimi. Ni marehemu Nyamai, jirani yetu. Mimi siku hiyo nilikuwa ukingoni, nimeshikilia mashati ya watu.

Na sikutosheka. Jumapili nilimwomba pasta aweke video kwa projekta baada ya ibada, nikatangaza kwamba kijana yule ni mimi. Kathini, aliyeketi benchi la mbele, akaangua kicheko, "Nthiwa! Wewe hata kijito unavuka kwa mgongo wa punda!" Kanisa lote likacheka. Nzisa, mjane wa Nyamai, hakucheka. Alisimama polepole akasema, "Huyo ni Baba Kisilu." Akaomba irudiwe. Ilirudiwa mara saba, na kila mara alianza kutabasamu yeye kabla marehemu hajacheka.

Unajua tulimzika Nyamai na picha gani? Ya kitambulisho, imekuzwa mpaka uso ukawa madoa. Mimi ndiye niliibeba mbele ya jeneza. Kwa nyumba ile hakuna picha nyingine.

Tulipotoka kanisani Nzisa akaniuliza, "Nthiwa, kwani hukumjua?" Nikajibu macho yangu yamezeeka. Uongo tena. Nilimjua hata kabla hajageuka, kwa lile bega lake lililoinama upande mmoja.

Ulisema orodha ya majina ya filamu inafungwa mwisho wa mwezi ujao. Toa langu, chana ile fomu, andika Nyamai Ndululu. Ruhusa muombe Nzisa, nambari yake iko nyuma ya karatasi hii. Bosi wako akikukemea, mwambie mjomba wako ni mwongo, hutakuwa umenisengenya. Na video itume kwa simu ya Nzisa mwenyewe. Isipitie kwangu.

Nikishaposta barua hii napita kwake nimwambie ukweli juu ya hayo macho. Sijui nitaanzia wapi. Maneno yangu mazuri yote nimeshayamaliza kwa uongo.

Nisalimie mume wako na Yvonne mdogo. Shangazi Wavinya anawasalimu, na Mulei pia. Mungu awafunike huko ugenini, na awape watoto wako ulimi mfupi.

Ni mimi mjomba wako, nikupendaye hata kama leo umenikasirikia,

Nthiwa