Kigoda Namba 17

Jumatatu, 3 Machi
Leo lango limefunguliwa kwa wageni. Nimevaa sare ya halmashauri, shati kubwa kama nimeazima. Nimefungua madirisha ya nyumba ya babu kwa utaratibu wa mke wangu — jikoni kwanza, moshi utoke. Moshi wenyewe haupo tena. Miezi mitano sasa tangu tumzike mke wangu.

Ukoo ulikubaliana akiwa bado hai: nyumba na ua viwe bustani ya watu wote na makumbusho. Mimi nimebaki mwangalizi. Kulala, nalala kwa dada yangu ng'ambo ya barabara.

Kila kitu kimebandikwa namba. Kigoda cha mke wangu, pale jikoni dirishani, ni 17. “Kigoda cha mama mwenye nyumba. Zaidi ya miaka mia.”

Kina miaka kumi na mmoja. Nilikitengeneza mimi.

Jumatano, 5 Machi
Sijasema kitu. Mgongo ulikuwa unamsumbua mke wangu, kuchuchumaa hawezi, nikachukua mbao za mlango wa ghala la zamani nikapigilia kutwa nzima. Mguu mmoja ukatoka mfupi. Alipokikalia kikayumba, akacheka mpaka akashika ukuta. Fundi wangu, akasema, hiki kinacheza kunishinda. Lakini hakutaka kingine.

Ndoo zake na mwiko wake havikupewa namba. Vilibebwa siku moja, sijui viliko. Chenye namba hakitupwi. Ndiyo maana nimenyamaza.

Leo mwalimu kawaambia wanafunzi watazame jinsi wazee wetu walivyokuwa mafundi. Nikatoka kwenda kufagia palipokwisha kufagiwa. Nilianza kwa kucheka.

Jumanne, 11 Machi
Amekuja mtaalamu kutoka makumbusho makuu. Binti mdogo, mpole, ananiita baba. Kakipindua kigoda, kanusa mbao, kasema ni za zamani kweli. Kaniuliza nani alikuwa akikikalia. Mama mwenye nyumba, nikasema. Si uongo.

Dada alikuwa ameniletea chakula. Akaulizwa na yeye. Dada ndiye aliyenishikia zile mbao nikipigilia! Akanitazama kidogo, halafu bila kupepesa: “Bibi alikuwa akinipakata juu ya hicho hicho. Nikiwa hivi.” Akaonyesha kwa mkono. Binti akaandika yote.

Jioni nikamshukuru.

“Usinishukuru. Nimemsingizia bibi wa watu kaburini. Wewe kula, umekonda unanitia aibu.”

Alhamisi, 13 Machi
Mvua. Hakuna mgeni. Nimeshinda jikoni, nimekaa sakafuni kando ya kile kigoda.

Ijumaa, 14 Machi
Barua. Namba 17 ina thamani kubwa mno kuachwa jikoni. Gari litakuja Jumatatu kuipeleka makumbusho makuu, iwekwe ndani ya kabati la kioo. Hapa watabandika picha yake. Natakiwa kutia sahihi kwamba maelezo yote ni ya kweli.

Dada kashika kichwa. Ukisema kweli sasa, kasema, wataking'oa namba na wewe watakuvua hiyo sare, na mimi na mvi zangu niitwe mwongo na mtoto yule. Akarudi kumenya viazi. Mwishowe akasema polepole: sema unachotaka, mdogo wangu, aibu nitaibeba.

Nikisema kweli nitarudishiwa. Nikiweke wapi, chini ya kitanda kwa dada? Sitaki kuwa nacho. Nataka kiwe pale alipokaa.

Jumatatu, 17 Machi
Gari limefika. Wapakiaji wanakunywa chai barazani. Binti ameleta fomu na blanketi la kukifungia. Baba, kasema, usiharakishe.

Fomu iko kando ya daftari hili. Nimekikalia — mara ya kwanza. Sikuwahi hata siku moja, kilikuwa chake. Ule mguu mfupi unamwegemeza mtu upande wa dirisha, na kutoka hapa chini lango lote linaonekana, na njia mpaka barabarani. Kumbe. Kila nikirudi kutoka kazini nilikuta chakula kimepakuliwa, cha moto, nikidhani ni bahati yangu. Miaka yote hiyo alikuwa ananiona nikija.

Binti yuko mlangoni. Anauliza kama nimemaliza.

Nimemwambia, bado, mwanangu. Njoo ukae hapa kwanza.