Mwandishi Alikuwa Zuhura

Kaloleni, Nairobi

Salma mjukuu wangu,

Sisi wazima. Mamako kikohozi kimemwacha, na paka wako amezaa tena kabatini mwangu. Umeniuliza kama kweli kitabu cha dada yangu Zuhura kiliandikwa na pepo. Umenikuta nimeshakasirika. Juzi walimkumbuka pale holini, na kila aliyeshika maikrofoni alimsifu pepo. Marehemu akawa mkono tu!

Sasa sikiliza. Zuhura alipoanza kuandika, baba alilichana daftari lake, eti msichana ana nini cha kusema. Baada ya wiki moja Zuhura akajitanda shuka nyeupe, akatetemeka, akanguruma kwamba anataka karatasi. Baba yuleyule akakimbia dukani, akarudi na ubani na madaftari sita. Tangu siku hiyo alipita mlangoni petu akinyata, viatu mkononi.

Chumba kilikuwa chetu sote wawili. Mlango ukifungwa, shuka ilitupwa kitandani. Nilimwona akiandika sentensi, akiikata, akiiandika upya, akiikata tena mpaka machozi yanamtoka. Aliniapisha ninyamaze, baba asije akajua. Baba alishakufa zamani, na bado juzi nilikaa holini nikapiga makofi na wenzangu. Hilo ndilo linaloniuma kuliko yote.

Nakutumia daftari moja. Wanaokuambia habari za pepo, wafungulie ukurasa wowote, uwaulize ni pepo gani huyo aliyekosea sentensi moja mara tisa.

Nyanya yako,
Mwanaisha