Laker na wakili aliyemuuguza

Marie-Louise, weka mwiko chini usome! Nimetoka mahakamani na jirani yetu Laker sasa hivi, mbavu zinaniuma kwa kucheka.

Si unajua aliamriwa kuhama nyumba yake ya Lubaga kwa sababu wakili wake hakutokea siku ya kesi? Leo alikwenda kuomba asikilizwe upya.

Jaji akamuuliza wakili, "Siku ile ulikuwa wapi?"

Yule bwana, bila haya: "Mheshimiwa, mteja wangu alikuwa mahututi hospitali ya Mulago. Nilikuwa kando ya kitanda chake."

MAHUTUTI! Laker huyuhuyu, askari wa geti la mahakama hiyohiyo! Wakili ndiye aliyemwambia asihangaike kuingia ndani, atamsemea.

Jaji akavua miwani. "Huyu mama hukagua mkoba wangu kila asubuhi. Hata siku ile aliukagua."

Dada, watu walicheka mpaka karani akaficha uso! Laker machozi yanamtoka, hajui ni hasira au kicheko.

Jaji akafuta hukumu. "Uzembe wa wakili hautamtoa mtu nyumbani kwake kabla hajasikilizwa."

Akamuuliza Laker kama atatafuta wakili mwingine.

"Ndiyo, Mheshimiwa. Lakini huyo mpya nitamleta mwenyewe, nimemshika mkanda."