Mara Hii Sikupiga Chafya

Shubra, Kairo
Jumapili, 4 Machi 1956

Kwako dada yangu Insaf,

Natumaini barua hii itakukuta mzima, na kwamba magoti yako yamepunguza kukusumbua tangu baridi ilipoanza kuondoka hapo Tanta. Mimi sijambo kabisa. Shemeji Ghuneim msalimie sana, mwambie samli aliyonitumia ilifika salama na kopo limeshabaki tupu. Watoto wabusu mmoja mmoja, na yule mdogo mbusu mara mbili.

Barua yako niliipata Jumanne nikaisoma mara tatu. Unasema umeshazungumza na ndugu zake Bi Ihsan, mjane wa mwenye kinu cha unga, na kwamba Alhamisi ya tarehe 15 watakuja kwako kunywa sharbati na kusikia neno langu. Unasema nina miaka hamsini na mbili na bado nafua soksi zangu mwenyewe. Unauliza kama nondo wameshakula kile kitambaa cha hariri cha marehemu mama, ulichonipa nikiweke mpaka siku ya harusi yangu. Mwisho umerudia kiapo chako kwamba hufi mpaka upige vigelegele kwenye ndoa ya ndugu yako, hata kama malaika atalazimika kusubiri mlangoni. Dada, jibu langu kwa watu wa Bi Ihsan ni hapana. Lakini usiikunje barua. Isome yote, maana kiapo chako nimekifikiria kuliko unavyodhani.

Kwanza nikupe habari za kazi, kwa sababu najua Shemeji bado anawaambia watu kuwa mimi ni karani wa reli. Mwambie karani huyo ametimiza filamu mia moja na themanini na sita. Bangoni jina langu huwa chini kabisa, herufi zake ndogo kama sisimizi, lakini taja filamu ya kuchekesha ya miaka hii ishirini ambayo sikuonekana, mimi nitakununulia kanga wa kuchoma. Vijana wazuri wa sura huja, wanapendwa, wananenepa, wanaondoka. Mimi nipo tu. Sisi wa sehemu ndogo huja studio na nguo zetu wenyewe, na sanduku langu lina joho la hakimu, koti la mpokeaji wageni hotelini, na kilemba cha sheikh wa kufungisha ndoa. Kuna siku nilifanya filamu tatu kabla ya magharibi, na nikamhukumu mtu kifungo nikiwa nimevaa suruali ya hoteli chini ya joho. Hakuna aliyejua, kwa kuwa hakimu hukaa.

Sheikh wa ndoa ndiye aliyenipa jina. Sijawahi kukueleza ile chafya ilitoka wapi. Unajua ndoa haina mzaha: mmoja akitoa, mwingine akakubali, mashahidi wawili wakasikia, basi imefungwa, hata kama walikuwa wanataniana. Kwa hiyo studioni tuna desturi yetu. Tukifika mwisho wa filamu, kijana na msichana wanapooana, lazima mtu ayaharibu maneno yale kabla hayajatimia. Wengine hukohoa, wengine huangusha sinia. Mimi katika filamu yangu ya kwanza nilishikwa na hofu ya kuwaoza watoto wa watu bila wazazi wao kujua, nikapiga chafya kubwa hata kilemba kikaanguka. Ukumbi ukavunjika mbavu. Tangu siku hiyo kila mwongozaji anataka chafya, na mimi nimewaozesha watu mara arobaini na moja bila kumuoza hata mmoja.

Chafya hiyo imenilisha vizuri, sina lawama nayo. Sokoni muuza matango huniambia, "Ustadh Mitwali, nipigie moja tu, chukua kilo bure." Nami hupiga, nakula matango. Lakini unakumbuka msiba wa baba. Nilisimama mlangoni mwa hema kupokea pole, macho yamenivimba, na watu wa Tanta walipoona ninatoa leso walianza kutikisika mabega kwa kicheko. Hata imamu aliinamisha kichwa. Ulinishika mkono ukanipeleka ndani. Siku ile niliapa kimoyomoyo kwamba sitasimama tena mbele ya watu katika jambo langu la kweli.

Sasa nikueleze habari za Bahiga. Sura yake unaijua, nchi nzima inaijua: ndiye yule shangazi mrefu asiyeolewa, mwenye miwani, anayeachwa kwenye kiti cha bibi harusi huku keki inaliwa na paka. Tumefanya kazi pamoja miaka kumi na minne. Nje ya studio hana makuu, ana ulimi mkali na mkono mzuri wa kupika mlenda wa molokhia, na hakuna mtu ninayetaka kukaa naye kimya zaidi yake.

Mwezi wa Oktoba mwongozaji wetu, Ustadh Wagdi, alinipa kwa mara ya kwanza sehemu ya bwana harusi: karani mzee anayemuoa yule shangazi katika onyesho la mwisho. Ikabaki nani awe sheikh. Nikamletea jirani yangu Mzee Tulba, aliyefungisha ndoa za kweli hapa Shubra miaka arobaini kabla ya kustaafu. Wagdi alizipenda ndevu zake, hakuuliza zaidi. Mpango ulikuwa bibi harusi, kwa kuwa kwenye hadithi hana baba, ajiozeshe mwenyewe. Kisha mimi badala ya kukubali nipige chafya, wanawake wa kukodiwa wapige vigelegele, na mambo yaishe.

Taa ziliwashwa. Bahiga akasema amejiozesha kwangu yeye, Bahiga binti Fauzi, wala hakutaja jina lake la kwenye filamu. Wagdi alidhani amesahau tu, akaniashiria niendelee, maana chafya ya kuharibu ilikuwa bado. Mzee Tulba akaniuliza. Nami nikasema, kwa sauti ambayo ungeisikia huko Tanta, kwamba nimekubali kumuoa kwa mahari tuliyokubaliana. Mpiga picha akanong'ona, "Ustadh, chafya iko wapi?" Wagdi akakamata kichwa chake, akasema, "Mzee wangu, umetuletea balaa. Umeoa!" Akaamuru turudie haraka. Bahiga akavua miwani, akamwambia, "Turudie vipi? Mimi sasa ni mke wa mtu, utaniozesha mara ya pili?"

Picha iliposafishwa, Wagdi aliona uso wangu ukisema neno lile, akaamua kuiacha vilevile. Magazeti yameandika kuwa Mitwali amezeeka, amesahau chafya yake. Studioni karibu wote wanaamini hivyo, na mimi nimewaacha waamini.

Lakini wewe sikudanganyi. Sikusahau, dada. Siku kumi kabla, mchana, tulikuwa tunakula maharage ya ful langoni mwa studio, mimi nikasema ninachosema kila mwaka, kwamba natamani tuoane lakini naogopa watu watakavyocheka. Bahiga akafuta mdomo, akasema, "Wewe Mitwali, mimi nimeachwa kwenye kile kiti mara tisa nikichekwa. Kama ni lazima wacheke, basi wakate tiketi." Hapo hapo tukapanga. Mzee Tulba alituuliza kila mmoja peke yake kama tumedhamiria kweli, na tulisema ndiyo. Seremala na mtu wa taa walijua, ndio mashahidi wetu. Kesho yake tulikwenda kuandikisha rasmi, na mwandikishaji alicheka hadi wino ukamwagika, lakini aliandika. Ni mwezi wa tano sasa ninaishi kwa mke wangu, na soksi zangu bado nafua mwenyewe, kwa sababu amekataa.

Kwa nini sikukuambia? Niliogopa. Sikumwogopa Wagdi wala magazeti, nilikuogopa wewe, kwamba utasema harusi usiyokuwepo si harusi, na ungekuwa na haki. Nimeumia kwa hilo kila siku. Naomba unisamehe. Waombe radhi watu wa Bi Ihsan kwa niaba yangu, na sharbati ya Alhamisi usiimwage: tutakuja kuinywa mimi na wifi yako.

Kabla ya hapo nina ombi moja. Filamu inafika sinema ya hapo Tanta Jumatatu, tarehe 12. Nenda na Shemeji, mkae mbele. Katika onyesho la mwisho tazama mfuko wa koti langu, utakiona kitambaa cha mama; nondo hawakukigusa. Kisha sikiliza. Wale wanawake wa kukodiwa waliambiwa wapige vigelegele baada ya chafya, chafya haikuja, nao hawakupiga. Ndoa yangu mpaka leo haijapigiwa kigelegele hata kimoja. Nikishasema nimekubali, ukumbi mzima utanyamaza ukisubiri nipige chafya. Kimya hicho ni chako, dada. Usiwaonee haya.

Bahiga anakusalimu na anauliza kama utapika molokhia yako au alete yake. Mungu akupe afya na pumzi ndefu, hasa pumzi.

Ni mimi ndugu yako, bwana harusi,
Mitwali