Upande Wangu wa Benchi

Mpendwa Baba Koku,

Huku Nyabiyonza mvua zimewahi. Kahawa nimeiingiza ndani, na mimi niko peke yangu. Koku wetu tangu aolewe Kimuli anakuja akipata nafasi, na nafasi zenyewe unazijua. Nakuandikia kwa sababu kuna neno limenikaa kooni tangu tulipokuzika, na hapa sina wa kumwambia.

Unakumbuka uliporudi kutoka mafungo ya sala ya parokia, mwaka ule baada ya vita? Uliondoka msemaji, ukarudi bubu. Kila asubuhi kabla ya shamba ulikaa kwenye benchi ulilolitengeneza mwenyewe, mwisho kabisa, ukafumba macho. Rozari hukushika, midomo haikutikisika. Mimi nilijua sala ni maneno, basi nikaona umeninunia. Nikawa nakuletea kikapu cha kahawa ya kutafuna kama mgeni, maana kwetu kahawa ndiyo hufungua mazungumzo. Ulichukua punje moja, ukaishika kiganjani, ukanyamaza vilevile! Nikaenda kumlilia jirani, Mama Regina, naye akaja na mkungu wa ndizi kutusuluhisha. Ulicheka mpaka machozi.

"Shemeji, hatujagombana. Nasali."

"Unamwambia nini Mungu muda wote huo?" nikadakia.

"Simwambii kitu. Nakaa naye tu."

Niliona wivu, nakiri. Kumwonea Mungu wivu, mwanamke mzima! Siku moja ukapiga ubao kando yako kwa kiganja, ukasema, "Njoo ukae, Mama Koku." Nikajibu nina maharage ya kupukuchua. Hukurudia tena. Na kweli nilipukuchua, miaka kumi na zaidi, wewe ukiwa hatua nne kutoka kwangu.

Sasa ndiyo najaribu. Nakaa, nafumba macho, nakumbuka mbuzi hajafungwa, nakukumbuka wewe. Mungu sijamsikia. Ukimya ninaoupata ni wa nyumba isiyo na mtu, siyo ule wako. Naogopa, Baba Koku. Naogopa kwamba uliniita mara moja tu, na mlango ukafungwa.

Jana nilipokuwa nafuta benchi nikaona kitu. Mwisho ule wako ubao umelainika mpaka unang'aa. Kwingine kote bado kuna makwaruzo ya msumeno. Miaka yote hiyo ulijibana ukingoni, na mwili wako ule mkubwa, nami nilidhani nafasi ile umemwekea Mungu.

Leo asubuhi nimetoa punje mbili za kahawa, yako nikaiweka mwisho ule wako, nikakaa kwenye makwaruzo, upande ulioniachia. Sikusema neno. Nilikaa mpaka jua likafika mlangoni, na punje yako ilikuwa bado iko palepale.

Kesho nitakaa tena. Pumzika, mume wangu.

Mkeo,
Mama Koku